Hekalu na jiko: siku moja ya wageni kati ya Kyoto na Uji, inchini Japani

Inchini Japani kuna aina ya matembezi inayopendwa sana na wageni. Mutu analipa siku moja na kupewa kiongozi. Asubuhi anatembelea mahekalu ya zamani, muchana anakula chakula cha watawa, na mbele ya mangaribi anaingia jikoni yeye mwenyewe: anakoroga, anasaga, anakanda. Siku inaisha akiwa amekula kitu alichofanya kwa mikono yake.

Ukiitazama kwa mbali, unaweza kufikiri ni vitu viwili vimefungwa pamoja ili tiketi iuzike: sala upande huu, chakula upande ule. Haiko vile. Katika mahekalu ya Japani, zaidi sana yale ya Zen, jiko ni sehemu ya sala tangu miaka karibu 800. Aliyeona hekalu bila kufahamu jiko lake ameona nusu.

Katika makala hii tunaeleza namna siku hiyo inavyopangwa, desturi hizo zilitoka wapi, na kitu gani hata sisi tusiosafiri tunaweza kuchukua. Tumechagua Uji, muji mudogo kando ya Kyoto, kwa sababu pale hekalu, chakula na chai vinakutana katika mwendo wa siku moja.

Hekalu ni nini, na si nini

Kwanza tutenganishe maneno. Japani ina dini mbili za zamani zinazoishi pamoja. Shinto ni dini ya wenyeji tangu mwanzo. Nafasi zake zinajulikana kwa mulango wa nguzo mbili zilizolaziwa miti juu, unaoitwa torii, mara nyingi wenye rangi nyekundu. Dini ya Buddha ilifika kutoka Korea katika karne ya 6. Nyumba zake njo zinaitwa mahekalu, na majina yao mara nyingi yanaishia kwa -ji ao -dera: Kinkaku-ji, Manpuku-ji, Kiyomizu-dera.

Kyoto ilikuwa makao ya mufalme mukuu tangu mwaka 794 mpaka 1868. Ina mahekalu ya Buddha karibu 1,600. Kunako mwaka 1994, shirika la UNESCO liliandika nafasi 17 za Kyoto, Uji na Otsu kwenye orodha ya urithi wa dunia. Kiongozi anayeahidi kukuonyesha yote kwa siku moja anakuuzia mbio. Kiongozi mwema anachagua mahekalu mawili, pengine matatu, na anaacha wakati wa kukaa chini.

Kijana aliyeuliza swali mbaya

Ili tufahamu kwa nini watawa wanaheshimu sufuria namna ile, turudi nyuma kidogo.

Kunako mwaka 1223, kijana mutawa Mujapani jina lake Dogen, wa miaka 23, alivuka bahari kwenda Uchina kutafuta mafundisho. Meli ilikuwa bado bandarini, naye yuko ndani, wakati muzee mumoja Muchina alipopanda kununua uyoga wa kukaushwa. Muzee huyo alikuwa mutawa na mupishi wa hekalu lililokuwa mbali na pale. Dogen alifurahi kuongea naye, akamwomba alale melini. Muzee akakataa: kuko watu wanangojea chakula chake. Dogen akashangaa. Mutu wa umri ule, mbona asikae kutafakari na kusoma maandiko, awaachie vijana kazi ya jikoni? Muzee akacheka. Akamujibu kwamba kijana huyu wa kutoka mbali bado hajafahamu kujifunza ni nini.

Baadaye, katika hekalu la mulima Tiantong, Dogen akakuta mupishi mwingine, wa miaka 68, anaanika uyoga kwenye jua kali la katikati ya siku. Mugongo umepinda, na kichwani hana kofia. Akamuuliza mbona hatumi wasaidizi. Akajibiwa kwamba wale wengine si yeye. Akauliza tena mbona asingojee jua lipungue. Muzee naye akamuuliza: basi angojee saa gani?

Majibu hayo mawili hayakumutoka Dogen. Alirudi kwao kunako 1227, na mwaka 1237 akaandika kitabu kidogo juu ya kazi ya mupishi wa hekalu, kinachoitwa Tenzo Kyokun. Tenzo njo cheo cha mupishi mukuu. Katika hekalu la Zen ni mumoja kati ya wakubwa sita wanaoongoza nyumba. Dogen anafundisha kwamba mupishi asipoteze hata punje moja ya muchele wakati wa kuosha. Asidharau majani ya kawaida, wala asipagawe akipata chakula cha bei. Na afanye kazi kwa mioyo mitatu: moyo wa furaha, moyo wa muzazi, na moyo mupana usiopendelea.

Tangu pale, katika mahekalu ya Zen, kukata figili na kuosha sufuria vinahesabiwa pamoja na kukaa kimya mbele ya ukuta.

Chakula cha watawa

Chakula hiki kinaitwa shojin ryori. Hakina nyama wala samaki. Hakina pia kitunguu saumu, kitunguu cha kawaida na jamii yake yote yenye harufu kali, kwa sababu mafundisho ya zamani yanasema vitu hivyo vinachochea mwili na kuvuruga akili.

Kukataa nyama hakukuwa kwa watawa tu. Kunako mwaka 675, mufalme mukuu Tenmu alitoa amri ya kukataza nyama ya ngombe, farasi, mbwa, nyani na kuku katika miezi fulani ya mwaka. Kwa karne nyingi Wajapani wengi walikula nyama kidogo sana. Ni mwaka 1872 tu ambapo watu walitangaziwa kwamba mufalme mukuu Meiji mwenyewe anakula nyama ya ngombe.

Utamu unatoka wapi basi, kama nyama, samaki na kitunguu havipo? Unatoka kwa maji ya kupikia. Watawa wanaloweka kombu, yaani majani manene ya baharini yaliyokaushwa, pamoja na uyoga mukavu wa shiitake. Maji yale yanakuwa na ladha nzito, na yanatumiwa kwa muchuzi, kwa mboga, hata kwa wali. Nguvu ya mwili inatoka kwa soya: tofu, na yuba, ile ngozi inayotokea juu ya maziwa ya soya yakipata moto.

Sahani inapangwa kwa hesabu ya tano: rangi tano, ladha tano, namna tano za kutayarisha. Rangi ni nyeupe, nyeusi, nyekundu, kijani na manjano. Hesabu hiyo si mapambo tu. Mupishi akiifuata, hawezi kupika chakula cha namna moja juma zima, na mulaji anapata karibu kila kitu mwili unachohitaji. Maganda ya karoti na figili hayatupwi: yanakatwa nyembamba na kukaangwa, ao yanarudi katika maji ya kupikia.

Namna siku inavyopita

Asubuhi wageni wanapanda treni katika kituo kikubwa cha Kyoto, njia ya kwenda Nara. Karibu nusu saa wanashuka Obaku, kituo kinachotangulia Uji. Kwa mguu ni dakika chache mpaka Manpuku-ji.

Manpuku-ji haifanani na mahekalu mengine ya Japani, na kiongozi mwema anaanzia hapo. Lilijengwa kunako 1661 na Ingen, mutawa Muchina wa jimbo la Fujian, aliyefika Japani mwaka 1654 akiwa na miaka zaidi ya 60. Nyumba zake zinafuata mutindo wa Uchina. Ndani ya jumba la kwanza kuko sanamu ya Hotei, yule mutu wa tumbo kubwa anayecheka, na wageni wengi wanacheka naye mbele ya kujua kama inaruhusiwa.

Karibu na chumba cha kulia kunaning'inia samaki mukubwa wa muti, mwenye mupira kinywani. Watawa wanamupiga kwa nyundo ya muti ili kutangaza saa. Kwa nini samaki? Kwa sababu samaki hafungi macho, usiku na muchana. Mutawa naye anapaswa kukaa macho. Mupira, wanasema, ni tamaa: kila pigo linamutapisha samaki kidogo. Na kengele hiyo ya kiroho njo hiyohiyo inayoita watu kwenye chakula.

Saa sita hivi inakuja meza. Manpuku-ji ina chakula chake, fucha ryori, kinachoagizwa siku kadhaa mbele. Ni chakula kisicho na nyama, lakini kwa desturi ya Kichina: watu wane wanazunguka meza moja na kuchota katika sahani zilezile. Kwetu hilo si jambo la kushangaza. Nani hajakula na ndugu zake katika sahani moja? Lakini katika Japani ya wakati ule, kila mutu alikuwa na meza yake ndogo peke yake. Kukaa wane bila kuangalia cheo kulikuwa fundisho. Wapishi wa fucha wanajua pia kufanya tofu ao viazi vionekane kama samaki, na mugeni anagundua akishatafuna.

Jina la Ingen limebaki katika chakula kwa namna nyingine pia. Kwa Kijapani, maharagi yanaitwa ingen-mame, maharagi ya Ingen, kwa sababu inasemekana njo yeye aliyeyaleta. Mumea wenyewe asili yake ni Amerika, sawasawa na maharagi ambayo mama zetu wanalima Walungu na Masisi. Yalivuka bahari pande mbili, yakafika kwao na kwetu.

Alasiri kundi linakwenda Uji kwenyewe, kituo kimoja tu mbele, kuona hekalu la Byodo-in. Lilikuwa nyumba ya starehe ya watu wakubwa wa ukoo wa Fujiwara. Kunako 1052, Fujiwara no Yorimichi akaligeuza hekalu, na mwaka uliofuata jumba lake maarufu likamalizika. Jumba hilo limesimama mbele ya ziwa dogo, na kila Mujapani analijua hata kama hajafika, kwa sababu limechorwa kwenye sarafu ya yeni 10. Ndani kuko sanamu ya Buddha Amida iliyochongwa na Jocho. Watu wanaingizwa kwa makundi, na kupiga picha ndani kumekatazwa.

Kisha kundi linafuata barabara ya maduka ya chai, na kuingia darasani.

Darasa la jikoni

Si matembezi yote yenye darasa moja. Mengi yanafanyikia katika nyumba za chai, maduka ya zamani ao nyumba za watu, nje ya ukuta wa hekalu. Haya matatu njo yanaonekana mara nyingi.

La kwanza ni goma-dofu. Watu wa Goma wasishangae: kwa Kijapani, goma ni ufuta, zile mbegu ndogo ambazo wengine kati yetu wanaita sezame. Goma-dofu inaitwa tofu lakini haina soya hata kidogo. Mugeni anasaga ufuta katika bakuli la udongo lenye mistari ndani, mpaka utoe mafuta. Anachanganya na maji na unga wa kudzu, unaotoka katika mizizi ya mumea unaotambaa, halafu anaweka kwenye moto na kukoroga bila kuacha. Dakika za kwanza ni maji. Kisha mwiko unaanza kuwa muzito, na mutu anayejua kupika bugali anatambua mara moja kile kinachotokea. Ukiacha kidogo, inaganda chini. Ukiharakisha, inabaki na mabonge. Inamwangwa katika kibati, inapoa, inakatwa vipande. Mabega yanauma, na hilo pia ni sehemu ya somo: mugeni ametoa dakika 20 za mwili wake kwa kipande anachokimeza mara mbili.

La pili ni chai ya unga, matcha. Mutawa Eisai alileta mbegu za chai kutoka Uchina kunako 1191, na mwaka 1211 akaandika kitabu juu ya faida zake kwa afya. Watawa walikunywa ili wasisinzie katika kutafakari usiku. Uji ikawa na jina kubwa kwa chai hiyo. Majani ya matcha yanafunikwa yasione jua siku 20 ao zaidi mbele ya kuchumwa, njo maana yanakuwa ya kijani sana na yenye utamu. Yanapitishwa katika muvuke, yanakaushwa, yanasagwa kwa jiwe. Darasani mugeni anazungusha jiwe hilo kwa mukono, polepole, kwa sababu ukikimbia jiwe linapata moto na harufu inaharibika. Jiwe moja linatoa gramu karibu 40 kwa saa nzima. Kikombe kimoja kinahitaji gramu 2 hivi, maji yasiyochemka kabisa, na ufagio mudogo wa mianzi wa kupiga mpaka povu litoke.

La tatu ni kitafunwa kitamu kinacholiwa mbele ya chai. Wanatumia maharagi meupe, yanachemshwa, yanapondwa, yanachujwa na kuchanganywa na sukari mpaka yakuwe kama udongo laini. Mugeni anayapa sura ya ua ao jani la majira yale: cherry wakati wa masika, jani jekundu mbele ya baridi. Maharagi na sukari? Wengi wetu tungekunja uso. Lakini uchungu wa matcha unakutana na utamu ule, na hapo inafahamika kwa nini viwili havitenganishwi.

Tofu unayoweza kufanya nyumbani

Kufika Japani kunahitaji viza kwa mwenye paspoti ya Congo. Ubalozi wao uko Kinshasa, na bei ya ndege kila mutu anaijua. Lakini soya iko katika masoko yetu. Watoto wetu wanaikunywa kila asubuhi katika uji wa masosoma, pamoja na mahindi na mutama. Kwa hiyo somo la tofu halitaki ndege.

Chagua nusu kilo ya soya, toa mawe na zilizooza, loweka usiku kucha. Asubuhi mwaga maji, osha, kisha saga ao twanga pamoja na maji safi mpaka iwe kama uji mwepesi. Maji yote yawe karibu lita 4. Weka kwenye moto katika sufuria kubwa, kwa sababu inafura na kumwagika haraka kuliko maziwa ya ngombe. Koroga, acha ichemke dakika 15 nzima. Usipunguze wakati huo: soya mbichi ina kitu kinachozuia tumbo kusaga chakula, na ni moto unaokiharibu.

Chuja kwa kitambaa safi na ukamue. Kilichopita ni maziwa ya soya. Kilichobaki katika kitambaa Wajapani wanakiita okara na hawakitupi. Kinaingia katika mboga, maandazi ao mikate.

Rudisha maziwa motoni mpaka yakaribie kuchemka, kisha ondoa. Wajapani wanagandisha kwa nigari, chumvi inayotoka katika maji ya bahari. Kwetu, maji ya ndimu tatu ao ine ndani ya kikombe cha maji yanafanya kazi hiyo. Mwaga kidogo kidogo, ukikoroga taratibu mara moja ao mbili tu. Mabonge meupe yanajitenga na maji ya manjano. Ngojea dakika 10, mwaga juu ya kitambaa katika kikapu ao kibati chenye matundu, funika, weka kitu kizito juu kwa nusu saa. Tofu imepatikana. Iliwe siku ileile. Ukiwa na firigo, iweke ndani ya maji safi, yabadilishwe kila siku.

Adabu ya mugeni

Mambo machache yanatenganisha mugeni na mutu wa kupita tu.

Viatu vinatolewa mulangoni, kwa hiyo soksi ziwe nzima na safi. Kizingiti kinarukwa, hakikanyagwi. Juu ya mikeka ya tatami hakuna viatu wala ndara. Mbele ya sanamu, sauti inashushwa, na kofia inatoka. Kabla ya kuinua simu, uliza.

Mezani, mbele ya kula, Wajapani wanaunganisha mikono na kusema neno moja, itadakimasu, maana yake napokea kwa unyenyekevu. Vijiti vya kulia havisimamishwi katika bakuli la wali, kwa sababu vile njo wali unavyowekwa kwa marehemu. Wala chakula hakipitishwi kutoka vijiti vya huyu kwenda vijiti vya yule, kwa kuwa hivyo njo jamaa wanavyookota mifupa ya mufu wao baada ya kuchomwa. Anayefanya hivyo kwa mchezo anawakumbusha watu kilio.

Katika hekalu la Zen, mutawa anabakiza kipande kimoja cha figili ya chumvi. Mwisho wa chakula anamwaga maji ya moto katika bakuli, anasugua kwa kipande kile, anakila, kisha anakunywa maji yale. Bakuli limekuwa safi, na hakuna kilichotupwa. Mugeni halazimishwi kufanya vile, lakini kuacha nusu ya sahani kunaonekana vibaya.

Mwenye mwiko wa chakula aseme siku ya kuagiza, si mezani. Soya, ufuta, ngano na soba vinaleta mizio kwa watu fulani. Asiyekunywa pombe aulize kama kuko divai ya muchele katika viungo. Na asiyekula samaki ajue kwamba nje ya hekalu, hata sahani ya mboga peke yake mara nyingi imepikwa kwa maji ya samaki mukavu.

Kiongozi na pesa

Tangu sheria ya 1949, mutu wa kuongoza wageni wa kigeni kwa malipo alihitaji kupita mutihani wa serikali. Kunako Januari 2018 katazo hilo liliondolewa: sasa kila mutu anaweza kuongoza kwa malipo, ingawa cheo cha kiongozi mwenye cheti bado kinalindwa. Faida yake ni kwamba viongozi wameongezeka. Hasara yake ni kwamba mugeni anapaswa kuuliza mwenyewe: una cheti? Kundi ni watu wangapi? Mupishi atakayetufundisha ni nani, na tutapika sisi ao tutatazama? Chakula na kuingia hekaluni vimo katika bei ile?

Kuingia mahekalu mengi ya Kyoto kunalipiwa kati ya yeni 400 na 1,000. Kinachopandisha bei ya siku ni kiongozi na darasa. Mwenye pesa kidogo anaweza kutembelea mahekalu peke yake kwa treni, na kulipia darasa moja tu.

Ubishi juu ya wageni

Mwaka 2024, Japani ilipokea wageni zaidi ya milioni 36, wengi kuliko mwaka wowote uliotangulia. Kyoto imelemewa. Basi za muji zilijaa mpaka wenyeji wenyewe wakakosa nafasi, na tiketi ya siku nzima ya basi, iliyopendwa na watalii, ilifutwa. Katika mutaa wa Gion, vichochoro vya watu binafsi vilifungiwa wageni mwaka 2024, na faini ya yeni 10,000 kwa anayepita.

Mahekalu nayo yako katikati. Kutunza nyumba za muti za miaka mamia kunakula pesa nyingi, na tiketi za wageni zinasaidia. Lakini mutu anayelipa kuingia, ni mutalii ao ni mwenye kusali? Swali hilo liliwahi kuleta vita ya maneno. Kunako 1985, muji wa Kyoto uliweka kodi juu ya watu wanaoingia mahekalu makubwa. Mahekalu yakasema kwamba mutu anayekuja hekaluni amekuja kwa dini, na dini haitozwi kodi. Mengine yakafunga milango yao mbele ya watalii. Kodi hiyo ilikufa mwaka 1988.

Nje ya miji, hali ni kinyume. Japani ina mahekalu zaidi ya 70,000, lakini vijana wamehama vijiji, wazee wanakufa, na mahekalu mengi hayana tena mutawa wa kukaa ndani. Pale, kundi la watu kumi wanaokuja kujifunza kupika linaweza kuwa musaada wa kweli.

Njo maana darasa la jikoni lina uzito kuliko linavyoonekana. Anayekuja kupiga picha anakaa dakika 15 na kuacha kelele. Anayekuja kukoroga goma-dofu anakaa saa mbili, anasikiliza, anaosha bakuli alilotumia, analipa mupishi wa pale. Wanaopanga siku vizuri wanajua tofauti hiyo, na wanaweka kuosha vyombo ndani ya somo. Ukiona matembezi ambayo mugeni anakata kipande kimoja cha mboga, anapigwa picha na kuambiwa akae wengine wamalizie, ujue hilo si somo bali maonyesho. Yule muzee wa mulima Tiantong alikwisha kulijibu: wale wengine si yeye.